Upana wa Boriti

Chumba alichozaliwa marehemu baba yangu, katika mtaa wa Mkomani, Lamu, ni kirefu mno na chembamba mno, hata wageni huuliza kama kweli kilikusudiwa kulaliwa. Upana wake haufiki mita 3. Utotoni nilidhani wazee wetu walipenda kubanana. Siku moja fundi aliyekuja kutengeneza dari alinifahamisha kwamba upana ule haukuamuliwa na mwashi, uliamuliwa na mkoko. Boriti ikizidi urefu fulani hulemewa na mawe na chokaa ikaanza kupinda. Kwa hiyo chumba waweza kukirefusha utakavyo, kukipanua huwezi.

Boriti zizo hizo zilipakiwa majahazini na kupelekwa Ghuba kwa upepo wa kusi. Nyumba kongwe za Kuwait na Bahrain, zile zilizojengwa kabla ya mafuta, zina vyumba vyembamba kama vyetu na kwa sababu ileile. Kwa miaka mingi watu wa Lamu walikula kwa kuuza upana wa vyumba vya watu wengine. Kisha mafuta yakatoka, saruji na chuma vikaingia, na mtu wa Kuwait akaweza kujenga ukumbi wa upana autakao. Mwaka 1982, serikali ya Kenya ilipopiga marufuku kuuza boriti nchi za nje ili kuihifadhi mikoko, soko lenyewe lilikuwa limekwisha kudhoofika.

Nayakumbuka haya kwa sababu nimeletewa karatasi ya kutia sahihi. Ndugu zangu wanne, watatu wakaao Mombasa na mmoja Muscat, wamekubaliana kuiuza nyumba ya mirathi. Sahihi iliyosalia ni yangu.

Sisi tuliolelewa na mashairi tuna njia yetu ya kuutazama mji uliofifia. Mshairi wa Al-Inkishafi aliyatafakari magofu ya Pate akaona hadaa ya dunia. Sina ubishi naye. Lakini magofu yana hesabu pia, na hesabu hiyo hatupendi kuisoma. Pate ilikuwa mji wa matajiri katika karne ya 17 na ya 18. Vyombo huufikia maji yakijaa tu, na watawala wake walichoshwa na vita na fitina. Mnamo mwaka 1812 Waamu waliwashinda watu wa Pate na wenzao wa Mombasa katika vita vya Shela, wakajitia chini ya himaya ya Oman. Biashara ikatuangukia sisi. Nyumba nyingi tunazojivunia leo zilistawi kwa faida ya karne ile.

Faida ipi? Hapa ndipo wazee wangu walipokuwa wakigeuza mazungumzo. Mbali na boriti na pembe, Lamu iliuza nafaka na ufuta uliolimwa bara, ng'ambo ya mkono wa bahari, na waliolima walikuwa watumwa. Zile zidaka za chokaa zilizochongwa kwa ustadi katika ndani ya nyumba yetu zililipiwa kwa jasho la watu ambao majina yao hayamo katika nasaba yoyote niliyofundishwa. Utumwa ulipofutwa kisheria mwaka 1907, mashamba yakaanguka, na mji ukaanguka nayo. Miaka 6 kabla ya hapo, mwaka 1901, reli iliyoanzia Mombasa ilikuwa imefika Kisumu. Mitaji, meli na afisi zikafuata reli. Hatukupigwa mzinga hata mmoja. Njia ilipita kwingine, basi.

Jane Jacobs, katika kitabu chake The Economy of Cities cha mwaka 1969, aliilinganisha miji miwili ya Uingereza. Manchester, yenye viwanda vikubwa vya nguo, ilionekana zamani kuwa ndiyo mji wa kesho. Birmingham ilikuwa na karakana ndogondogo zisizo na mpango. Ni Manchester iliyodorora, kwa kuwa ilijua kazi moja tu, ilhali Birmingham iliendelea kuzaa kazi mpya ndani ya kazi za zamani. Niliposoma haya nilimwona mjomba wangu. Alichonga milango. Siku hizi mwanawe huchonga fremu za vioo kwa ajili ya hoteli za Shela, na anakula vizuri kuliko babaye. Walioshona kofia wangali wanashona. Wa Matondoni wangali wanaunda vyombo. Kilichokwenda ni kile tulichokikata au kukilimisha, tukakipakia na kukipeleka.

Tangu UNESCO iuorodheshe mji wetu kuwa urithi wa dunia mwaka 2001, bei za nyumba za mawe zimekuwa kitu kingine. Zamani nyumba ilithaminiwa kwa biashara ya mwenyewe. Leo huthaminiwa kwa ukimya wake, yaani kwa sababu biashara iliondoka. Mwenye kuumudu ukimya huo ni mtu aliyechuma pengine. Wajukuu wa wajenzi hupanga Mombasa, katika vyumba vyenye upana wa kutosha na joto lisilovumilika.

Na bandari mpya? Ujenzi wake ulizinduliwa mwaka 2012, katika ghuba ya Manda, na gati la kwanza likafunguliwa mwaka 2021, kwa tamaa ya shehena za Ethiopia na Sudan Kusini. Wavuvi walikwenda mahakamani kudai bahari yao, na mwaka 2018 mahakama kuu ikawapa haki. Vijana wengi wanaitumainia bandari, nami siwalaumu. Nina shaka moja tu: kontena laweza kuteremshwa likapakiwa lorini na kuondoka bila kumwachia mtu wa Lamu kazi ya mkono wake. Boriti angalau tulizikata wenyewe.

Nilimpigia simu dada yangu mkubwa nikamweleza haya yote, kwa urefu zaidi. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Mdogo wangu," akasema, "mara ya mwisho ulilala lini katika nyumba ile?"

Nilihesabu. Miaka 11.

Mwezi uliopita nilikwenda kuifungua kwa ajili ya mnunuzi. Alikuja na mchoraji ramani, kijana mwenye adabu, aliyevua viatu pale dakani bila kuambiwa. Alipima chumba cha baba, akaandika, akapima tena. Kisha akauliza kama ukuta wa kati waweza kuondolewa, maana mteja wake angependa sebule pana. Nikamwambia boriti hazifiki. Akatabasamu akasema hilo si tatizo, wataweka chuma. Karatasi ilikuwa mfukoni mwangu. Nilinyanyua macho nikazihesabu boriti, kama tulivyokuwa tukifanya utotoni usingizi ukikawia, nikakuta moja imeoza.