Swali la Mkaa

Nafundisha jiografia Mbagala, wilayani Temeke. Kila nikifika kwenye somo la mabadiliko ya tabianchi huanza na sababu za asili, maana hizo hazimgombanishi mtu na jirani yake. Mlima Pinatubo wa Ufilipino ulipolipuka mwaka 1991, gesi na vumbi lake vilipanda juu sana, vikazuia sehemu ya mwanga wa jua, na dunia ikapoa kwa karibu nusu digrii kwa mwaka mmoja au miwili. El Niño nayo ni ya asili: maji ya Bahari ya Pasifiki hupata joto, na huku kwetu mvua za vuli mara nyingi huzidi, kama mwaka 1997.

Nikifika kwa binadamu, darasa hubadilika. Kabla ya viwanda, katika kila chembe milioni moja za hewa, 280 hivi zilikuwa kabonidayoksaidi. Leo zimepita 420. Ziada hiyo imetokana hasa na kuchoma makaa ya mawe, mafuta na gesi, na pia kufyeka misitu.

Siku moja nilipotaja misitu, msichana mmoja aliinua mkono. "Mwalimu, mama yangu anauza mkaa. Ina maana sisi ndio tunaoleta mafuriko?"

Hakuna aliyecheka. Karibu wote walikuwa wamekula chakula kilichopikwa kwa mkaa.

Nilimwambia kuna hesabu mbili, tusizichanganye. Ya kwanza ni ya dunia: nchi zilizotangulia kwa viwanda zimechoma makaa ya mawe kwa zaidi ya karne mbili, na mchango wa Tanzania katika joto hili ni mdogo mno. Ya pili ni yetu: miti ikiisha, udongo hushuka mitoni, taka zikiziba mifereji na nyumba zikijaa mabondeni, mvua ileile huua wengi zaidi. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu zaidi ya 40 jijini, na familia za mabondeni zikahamishiwa Mabwepande, Kinondoni.

Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Mtoto akiambiwa yote ni asili, atakunja mikono. Akiambiwa yote ni kosa la mama yake, atabeba aibu isiyo yake, na mdaiwa mkubwa atapita bila kuulizwa. Kazi ya mwalimu ni kumpimia kila mtu deni lake kwa haki, asizidishe wala asipunguze.