Mwaka wa Kuzaliwa Katika Karatasi za Kazi

Hapo zamani wazee wetu hawakuandika siku ya kuzaliwa mtoto. Walisema: huyu alizaliwa mwaka wa nzige, yule alizaliwa walipokata barabara, na hayo yaliwatosha. Lakini mtumishi wa Serikali hatoshwi na nzige. Siku ya kuingia kazini karani humwuliza siku, mwezi na mwaka, naye huandika. Tangu hapo mwaka ule humfuata mtu kama kivuli: waingia katika orodha ya mishahara, wapanda naye cheo, na mwisho ndio unaomwambia saa ya kwenda pensheni. Ukiandikwa vibaya, ni nani atakayeusahihisha?

Tusidhani kwamba shida hii huwapata wadogo tu. Katika nchi ya India, Jenerali V. K. Singh aliwekwa kuwa mkubwa wa jeshi la nchi kavu mwaka 2010. Cheti chake cha shule kilisema kwamba alizaliwa tarehe 10 Mei 1951. Lakini fomu ya kuomba kuingia chuo cha jeshi, iliyojazwa alipokuwa kijana, ilisema 1950. Basi ofisi mbili za jeshi lile lile zikashika miaka miwili mbalimbali, muda mrefu sana. Mwezi wa Januari 2012 akapeleka neno lake mbele ya mahakama iliyo kubwa kupita zote katika nchi yake, akisema kwamba anatetea heshima yake. Tarehe 10 Februari waamuzi hawakukubali kuugeuza mwaka ulioandikwa, kwani yeye mwenyewe alikwisha kuukubali zamani katika barua zake. Akaondoa mashtaka, na mwisho wa Mei akaenda pensheni. Jenerali mwenye askari zaidi ya milioni moja hakuweza kuishinda karatasi moja!

Sheria ya watumishi wa Serikali katika nchi ile yasema kwamba anayetaka kusahihisha mwaka wake aombe kabla ya kutimiza miaka 5 kazini, na aonyeshe wazi kwamba palikuwa kosa la kweli. Twaona neno la miaka 5 kuwa gumu, kwani kijana anayepokea mshahara wa kwanza hafikiri pensheni. Lakini sharti jingine latupendeza: mwaka mpya usiwe mwaka ambao ungalimzuia mtu asifanye mtihani wake au asiingie kazini siku ile. Maana yake, huwezi kuwa mkubwa mlangoni na mdogo mezani. Wanaokumbuka mwaka wao mwezi mmoja tu kabla ya pensheni wanajulikana popote, nao wote huomba kupunguziwa umri. Aliyeomba kuongezewa, hatukupata kumsikia mpaka mwaka huu.

Naye ni ndugu yetu wenyewe, karani wa Serikali huku Kivu. Mama asema kwamba alikuwa na mimba yake alipoukimbia moto wa Nyiragongo, tarehe 10 Januari 1977, naye alibatizwa siku ya Pasaka ya mwaka ule ule. Kitabu cha ubatizo chasema hivyo hivyo. Lakini alichelewa kuanza shule, na mkuu wa shule, asitake kumfukuza, alimwandikia 1980. Diploma ikafuata shule, na kazi ikafuata diploma.

Jamaa walipojua anayotaka kufanya, walikasirika. «Miaka mitatu ya mshahara ni karo ya watoto,» walimwambia, «nani anakudai?» Hatuwezi kuwacheka, kwani karo ni karo. Mke wake peke yake hakusema hivyo. Yeye alitazama kadi ya uchaguzi, ambayo kwetu Kongo ndicho kitambulisho, akaona 1977. Akatazama karatasi za kazi, akaona 1980. Akauliza: «Siku utakapokufa, mimi nitakuwa mjane wa yupi?» Nasi tumewaona wajane wanaotembea na bahasha kutoka dirisha hata dirisha, kwa sababu ya tarehe moja isiyopatana. Tena yuko kijana mwenye diploma, aliyeketi nyumbani kwa baba yake akingoja kiti hicho kiwe wazi. Huyo hakuhesabiwa na mtu katika maneno yale ya jamaa.

Padri alimwandikia ndugu yetu nakala ya kitabu cha ubatizo, akapiga muhuri. Twajua kwamba karatasi ya parokia haitoshi mbele ya Serikali, na labda atatumwa mahakamani kutafuta hukumu. Hata hivyo aliipeleka ofisini. Karani mwenzake aliisoma, akaisoma tena, akaondoa miwani, akamwuliza kama amefahamu vema kwamba anajizeesha. Akajibu kwamba amefahamu. Basi akapewa fomu.