Sehemu Ndogo

Msomaji, katika mchezo wa kuigiza watu humtazama mfalme, wakamsahau anayemletea barua. Walakini barua isipofika, mfalme hana la kusema. Nakuomba umfikirie mtu aliyezipeleka barua hizo kwa muda wa miaka karibu 70, jina lake Earl Cameron.

Alizaliwa mwaka 1917 katika kisiwa cha Bermuda, akafika London mwaka 1939 akiwa baharia. Kazi zilikuwa adimu kwa mtu mweusi, akawa mwosha vyombo mkahawani. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, mchezaji mmoja wa Chu Chin Chow, mchezo wa nyimbo, alikosa kufika. Cameron akashika mahali pake, ingawa hakuwa amepata kuisomea kazi hiyo. Baadaye alijifunza matamshi kwa Amanda Aldridge, binti wa Ira Aldridge, mwigizaji mweusi aliyesifika Ulaya katika karne ya 19.

Mwaka 1951 alipewa sehemu kubwa katika sinema iitwayo Pool of London, akawa baharia mweusi anayependana na msichana wa Kizungu. Alisifiwa sana. Yamkini utadhani mlango ulifunguka. La, sehemu kubwa kama ile hazikumjia tena ila kwa nadra, kwani hadithi ambazo mtu mweusi ndiye kiini chake zilikuwa chache mno. Lakini kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Cameron alizipokea zile ndogo.

Mojawapo yatuhusu sisi. Katika Simba, sinema ya mwaka 1955, alikuwa Karanja, daktari Mwafrika katika Kenya ya siku za Mau Mau. Hadithi ile ilisimuliwa kwa jicho la mlowezi, na wenye nchi walionekana humo kama tishio kuliko kama watu wenye dai. Wako watakaosema kwamba ilimpasa kuikataa, nami siwalaumu, kwa maana utu wa mtu mmoja hausahihishi hadithi nzima. Hata hivyo, Karanja wake ana elimu, huzuni na heshima. Mtazamaji hawezi kumfanyia mzaha.

Aliendelea vivyo hivyo. Alikuwa Pinder, msaidizi wa jasusi, katika Thunderball ya 1965. Na katika The Interpreter ya 2005, akiwa amepita umri wa miaka 80, alikuwa rais wa nchi ya Afrika iliyobuniwa. Mwaka 2010 alionekana kwa kitambo kidogo tu katika Inception. Alifariki mwaka 2020, mwenye umri wa miaka 102.

Basi, msomaji, ukipewa mistari mitatu katika mchezo wa shule, ijifunze kana kwamba ni mia tatu. Na iwapo wewe ndiwe utakayeutunga mchezo, tazama ni nani kila mara unayempa barua tu aipeleke, ujiulize sababu.