Paka, Pumu, na Mashine ya Kusafisha Hewa

Neno mzio ni la zamani katika Kiswahili. Wazee walilitumia kwa chakula kinachomdhuru mtu mmoja na kisiwadhuru wenzake: huyu akila pweza huwashwa mwili mzima, na ndugu yake aliyekula naye katika sinia moja hana neno. Siku hizi madaktari hulitumia neno hilo hilo kwa vitu visivyoliwa, kama vumbi, chavua ya maua, na wanyama wa nyumbani. Mimi nataka kuwaeleza wasomaji habari za mzio wa paka, na jinsi tulivyochagua nyumbani kwetu mashine ya kusafisha hewa isiyokula umeme mwingi. Naamini wako wanafunzi wenzangu wanaokohoa usiku kucha kila wakienda likizo wasijue sababu, na wako wazee wetu waliomaliza shule hii ambao sasa wana watoto wa namna hiyo.

Kwetu ni Jinja. Mama yangu huuza mahindi na maharage, na ghala yake imeshikana na nyumba. Ghala isiyo na paka ni karamu ya panya. Kwa hiyo tunaye paka jike, wa rangi ya majivu, ambaye kwa miaka minne amelinda magunia vizuri kuliko mtego wowote. Mchana alikuwa wa mama, lakini usiku alikuwa wa mdogo wangu, msichana wa miaka 9, aliyelala naye kitanda kimoja. Mdogo wangu ana pumu. Mwaka jana hali yake ilizidi kuwa mbaya: kila usiku kifua kililia kama filimbi, na asubuhi macho yamevimba. Daktari alimwuliza kama nyumbani kuna mnyama, kisha akamtonesha matone mbalimbali mkononi na kumchoma kidogo ngozi penye kila tone. Baada ya robo saa, penye tone la paka palikuwa pamevimba na kuwa pekundu.

Hapo nyumba yetu iligawanyika. Baba alisema paka aondoke siku ile ile. Mama alisema paka akiondoka mahindi nayo yataondoka nyuma yake, na kwamba ada zetu za shule hutoka katika mahindi hayo. Mdogo wangu hakusema neno. Alimkumbatia paka akalia, na kulia kwenyewe kukamzidishia kukohoa. Baba mdogo, anayekaa Minnesota huko Marekani, aliposikia habari hii alipiga simu akasema kwamba kwao watu wengi hununua mashine ya kusafisha hewa, naye yu tayari kutusaidia. Baba akanigeukia, akasema, "Mwanangu, wewe wasoma fizikia. Tafuta mashine itakayomfaa mdogo wako, lakini sitaki mashine itakayonimalizia yuniti zangu." Kazi ikawa yangu.

Kabla ya kuchagua silaha yafaa kumjua adui. Watu wengi husema kwamba manyoya ya paka ndiyo yenye madhara. Sivyo hasa. Kitu kinachodhuru ni protini inayotoka katika mate ya paka na katika tezi za ngozi yake. Wataalamu huiita Fel d 1. Paka hujilamba kutwa. Mate hukauka juu ya manyoya, kisha huvunjikavunjika pamoja na magamba ya ngozi na kuwa vumbi jepesi sana. Sehemu kubwa ya vumbi hilo huanguka na kukaa katika magodoro, mazulia, na nguo, lakini chembe zilizo ndogo kabisa huelea hewani kwa saa nyingi, hata kama hewa imetulia. Tena hushika katika nguo na kusafiri, hata zimeonekana katika madarasa ambamo paka hajaingia kamwe. Na paka akiondolewa leo, nyumba haisafiki kesho. Huweza kuchukua miezi kama mitano au sita kabla vumbi lake halijapungua likawa sawasawa na la nyumba isiyo na paka. Nilipomweleza baba jambo hili la mwisho alinyamaza kidogo, maana alikuwa amedhani kwamba kumfukuza paka ni dawa ya siku moja.

Nikamwonyesha vilevile kwamba mashine peke yake haitoshi. Mwaka 1998 madaktari wa Marekani walitangaza matokeo ya majaribio waliyofanya kwa watu wenye mzio wa paka waliokuwa na paka nyumbani. Wengine walipewa mashine yenye kichujio cha kweli, wengine mashine ya kuwadanganya tu. Baada ya miezi mitatu, chembe za paka zilikuwa zimepungua katika hewa ya wale waliopewa mashine ya kweli, walakini maradhi yao hayakuonekana kupungua kuliko ya wenzao. Kwa hiyo mtu asinunue mashine akitumaini miujiza. Mashine husafisha kilicho hewani. Haiwezi kufika ndani ya godoro.

Basi tulianza na mambo yasiyotaka umeme wala fedha nyingi. Paka alihamishiwa ghalani moja kwa moja, na chumba cha mdogo wangu kikawa mwiko kwake, mchana na usiku. Zulia lilitolewa. Godoro na mto vilivikwa mifuko inayofungwa kwa zipu, na mashuka yakawa yanafuliwa kwa maji ya moto kila juma. Sakafu hupigwa deki, haifagiliwi kwa ufagio mkavu, maana ufagio mkavu huliamsha vumbi lililolala. Mama naye huvua gauni la ghalani mlangoni kabla ya kuingia kumwaga mwanawe usiku. Mambo haya yana faida moja kubwa: umeme ukikatika, na kwetu hukatika, yenyewe hayakatiki.

Baada ya hayo ndipo nikaitazama mashine. Kwa asili ni kitu chepesi kueleweka: feni huvuta hewa, huipitisha katika kichujio, na kuirudisha chumbani. Kichujio kinachotakiwa huitwa HEPA. Vichujio vya namna hii vilitengenezwa katika miaka ya 1940 huko Marekani, wakati wa kazi ya bomu la atomiki, ili kunasa vumbi lenye mnururisho. Kwa kipimo cha Wamarekani, kichujio cha HEPA hunasa chembe zisizopungua 99.97 katika kila 100 zenye upana wa mikroni 0.3, na chembe za paka nyingi ni kubwa kuliko hizo. Msomaji awe macho dukani: maneno kama "mfano wa HEPA" au "namna ya HEPA" si ahadi ya kipimo chochote. Na kile kichujio cheusi cha makaa ambacho huongezwa katika mashine nyingi, kazi yake ni kuondoa harufu. Hakimnusuru mtu na mzio.

Jambo la pili ni ukubwa wa chumba. Chumba cha mdogo wangu kina meta 3 kwa 4, na dari iko meta 2.5 juu. Zidisha, utapata meta za ujazo 30. Ili hewa yote ipite katika kichujio mara 5 kwa saa, kama inavyoshauriwa kwa watu wenye mzio, mashine yapasa itoe meta za ujazo 150 za hewa safi kwa saa. Kipimo hiki huandikwa juu ya sanduku kwa herufi CADR, na mara nyingi hupimwa feni ikienda kwa nguvu zake zote. Mashine isiyoandikwa kipimo hiki ni kama gunia lisilopimwa kwenye mizani. Mama yangu hanunui gunia la namna hiyo.

Jambo la tatu ndilo alilolitaka baba. Sisi twakaa karibu na bwawa la Nalubaale, lililofunguliwa mwaka 1954 kwa jina la Owen Falls, na kelele za mto twazijua tangu utoto. Walakini kukaa karibu na kisima si kupata maji bure. Mashine ya hewa haifanani na pasi, inayowashwa nusu saa ikazimwa. Hii hufanya kazi usiku na mchana, maana ukiizima vumbi hurudi. Kwa hiyo wati chache tu huwa fedha nyingi mwisho wa mwezi. Swali la kumwuliza mwuza duka si "Inatumia wati ngapi?" peke yake, bali "Inasafisha hewa kiasi gani kwa kila wati?"

Nililinganisha mashine mbili zilizouzwa Kampala. Ya kwanza ilitoa meta za ujazo 170 kwa saa kwa wati 55. Yaani kama 3 kwa kila wati. Ya pili ilitoa 250 kwa wati 33, yaani zaidi ya 7 kwa kila wati, lakini bei yake ilikuwa kubwa zaidi. Mtu wa haraka angechukua ile ya kwanza, kwa kuwa inatosha chumba na ni rahisi. Lakini fizikia ya feni ina siri yake: nguvu inayotakiwa hupanda kwa kipeo cha tatu cha mwendo. Ukiupunguza mwendo wa feni kuwa nusu, hewa huwa nusu, lakini nguvu inayotakiwa hushuka hata karibu na sehemu moja ya nane. Katika mashine yenyewe hesabu haiwi kamili hivyo, kwa sababu mota nayo ina hasara zake. Hata hivyo faida ni kubwa. Kijitabu cha mashine ya pili kilionyesha kwamba kwa mwendo wa kati hutoa meta za ujazo 160 kwa wati 14 tu, tena bila kelele za kumwamsha mtoto.

Fanya hesabu pamoja nami. Wati 55 kwa saa 24 kwa siku 30 ni yuniti 39.6. Wati 14 kwa muda huo huo ni yuniti 10 na kidogo. Tofauti ni karibu yuniti 29 na nusu kila mwezi, au zaidi ya 350 kwa mwaka. Nilimwekea baba hesabu hii mezani. Aliisoma mara mbili, akatoa risiti yake ya umeme, akazidisha kwa bei ya yuniti moja, kisha akasema, "Hii ya rahisi ndiyo ya ghali."

Wale wanaonunua Marekani wana msaada wa alama ya Energy Star, ya mpango ulioanzishwa na serikali ya huko mwaka 1992. Kanuni zake za mwaka 2020 zilitaka mashine ndogo itoe hewa safi isiyopungua futi za ujazo 1.9 kwa dakika kwa kila wati, na mashine kubwa 2.9, kwa vipimo vyetu ni kama meta za ujazo 3 na 5 kwa saa. Lakini baba mdogo tulimwomba atume fedha, asitume mashine. Umeme wa kwao ni volti 120 na wetu ni volti 240; mashine iliyotengenezwa kwa volti za huko tu itaungua hapa, au itahitaji transfoma, ambayo nayo hula umeme wake.

Nimalizie na onyo moja. Katika duka moja nilionyeshwa mashine isiyo na kichujio, ambayo mwuzaji aliisifu kwamba hutoa hewa yenye harufu ya baada ya radi. Harufu ile ni ya ozoni, na ozoni huchoma mapafu. Mgonjwa wa pumu ndiye wa kwanza kudhurika. Tena, kabla hujalipa, ulizia bei ya kichujio kipya na kama kinapatikana, maana kichujio kikijaa hewa hupita kidogo, na umeme unaolipa huenda bure.

Mashine yetu sasa ina miezi minane. Mdogo wangu hajapona pumu, na dawa yake ya kuvuta bado iko chini ya mto kama alivyoagiza daktari. Lakini usiku mwingi hulala mpaka asubuhi, na macho yake hayavimbi. Siwezi kusema ni sehemu gani ya nafuu hii iliyotokana na mashine na ni sehemu gani iliyotokana na mlango uliofungwa, maana tulivifanya vyote pamoja. Paka yuko ghalani, mahindi yapo, na ada ya muhula huu imelipwa. Jioni mdogo wangu husimama nje ya dirisha la ghala lenye wavu akazungumza na rafiki yake, kisha hunawa mikono na uso na kubadili gauni bila kuambiwa.

Kwa hiyo, ndugu wasomaji, mwenye shida kama yetu na aanze na mlango, godoro, na maji ya moto. Kisha apime chumba chake, atafute kichujio cha kweli, na agawanye hewa kwa wati kabla ya kufungua mkoba. Hesabu hiyo ni ya kidato cha kwanza, na kila mmoja wetu aweza kuifanyia nyumba yao.