Majina Nyuma ya "Hatari!"



Kila nipitapo Momella, chini ya Mlima Meru, huikumbuka filamu ya "Hatari!", iliyopigwa huku kabla ya Uhuru wa 1961 na kuonyeshwa 1962. Mwongozaji wake, Howard Hawks, alikuwa Mmarekani. Miongoni mwa waigizaji walikuwamo Wafaransa wawili, Gérard Blain na Michèle Girardon. Wanyama walikuwa wa kweli, wakifukuzwa kwa magari na kunaswa kwa kamba.

Kazi ya namna hiyo haifanywi na waigizaji peke yao. Wapo waliofuata nyayo, waliotengeneza magari, waliopika alfajiri. Girardon alifariki 1975, Blain mwaka 2000. Majina yao yamehifadhiwa vitabuni. Je, ya wazee wetu yamehifadhiwa wapi? Aliyekuwa kijana wa miaka 20 wakati ule, leo amevuka 80.

Nawasihi vijana wa parokia: ketini na wazee hao, andikeni majina na kazi zao wangali nasi. Mungu humjua kila mmoja kwa jina lake. Nasi tusikubali kuwasahau.