Ramadhani ya Malabar na Kombe la Santosh

Jina la Malabar si geni kwa mtu aliyekaa mbele ya sheikh akasoma fiqhi. Kitabu cha Fat-hul Muin, ambacho wengi wetu wa madhehebu ya Shafii tumekisoma au tumewasikia wakubwa wetu wakikisoma, kilitungwa na Sheikh Zainuddin al-Malibari, mwanachuoni wa karne ya 16 wa mji wa Ponnani, katika pwani ya magharibi ya India. Nalikisoma kitabu hicho nikiwa kijana, wala haikunipitikia moyoni hata siku moja kwamba nitaikanyaga nchi ya mtungaji wake. Na lau mtu angeniambia kwamba nitakapofika huko nitakwenda kutazama mpira, ningalimkemea.

Mwaka 2022 kakangu aliugua mawe ya figo, akashauriwa akatibiwe India, nami nikatakiwa nimsindikize. Tulifikia Perinthalmanna, mji mdogo wenye hospitali nyingi, katika wilaya ya Malappuram, jimbo la Kerala. Ponnani nayo imo katika wilaya hiyo hiyo. Ramadhani ilikuwa imekwisha kuingia, kwani huko walianza kufunga Jumapili, tarehe 3 Aprili.

Wilaya ya Malappuram iliundwa mwaka 1969. Katika hesabu ya watu ya mwaka 2011 ilikuwa na watu zaidi ya milioni 4, na katika kila watu 100, kadiri ya 70 ni Waislamu. Mgeni kutoka mwambao wetu hachukui muda kuzoea. Minazi ni ile ile, mvua na joto ni vile vile, na alfajiri imamu hukunuti kama tukunutivyo sisi. Ibn Battuta, aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, baadaye alifika pia Calicut, bandari iliyo karibu na hapo. Bahari hii imewachanganya watu tangu zamani. Jioni mwenye nyumba tuliyopanga, mzee mmoja aliyefanya kazi Ghuba miaka mingi, akituletea tende, uji wa mchele uliotiwa jira, na mikate yao myembamba ya unga wa mchele waiitayo pathiri. Tukizungumza naye kwa Kiarabu, changu cha kitabuni na chake cha sokoni, tukaelewana vizuri.

Lakini iko khabari moja ya Malappuram ambayo Fat-hul Muin haikunifundisha: watu wa huko wana mapenzi makubwa ya mpira wa miguu. India nzima hujulikana kwa kriketi, lakini hawa wamechagua mpira. Wakati wa kiangazi huchezwa mashindano ya timu za watu saba saba, katika viwanja vinavyojengewa majukwaa ya muda, na watu hulipa viingilio kwenda kutazama. Wenye timu huajiri wachezaji kutoka Afrika, khasa Nigeria, Ghana na Liberia, na kila Mwafrika huko huitwa “Sudani”, atoke atokako. Kakangu, mwenye umri wa miaka sitini na kitu na tumbo lake, aliulizwa na watoto wa mtaani kama ni Sudani na anachezea timu gani. Akawajibu kwamba amestaafu. Siku ile alifurahi kuliko siku ile mawe yalipotolewa.

Nami nieleze hapa kwamba kakangu alikuwa mchezaji hodari katika ujana wake, na mimi sikuwa. Yeye alikwenda uwanjani, mimi nikaenda chuoni, na maneno baina yetu juu ya jambo hilo hayajesha mpaka leo. Katika miaka yangu ya kusomesha, watoto niliowafuata uwanjani baada ya alasiri nikawarudisha kwenye juzuu zao hawana idadi.

Basi mwezi ule ule wa Ramadhani, wilaya ile ile, yaliletwa mashindano ya Kombe la Santosh, ambayo ni ubingwa wa majimbo ya India. Yalianza mwaka 1941, na kombe lilipewa jina la Maharaja wa Santosh, Manmatha Nath Roy Chowdhury, aliyekuwa rais wa chama cha mpira cha Calcutta. Na pahali panapoitwa Santosh leo pamo katika nchi ya Bangladesh. Timu za majimbo hushindana, pamoja na timu ya majeshi na ya shirika la reli. Bengal ndio waliolitwaa mara nyingi kupita wote: walipokuja Malappuram walikuwa wamelitwaa mara 32. Kerala walikuwa na mara 6, ya kwanza mwaka 1973.

Msimu ule ulikuwa na uzito wake. Kwa sababu ya maradhi ya korona, fainali za msimu wa 2019 hadi 2020 hazikuchezwa, na msimu uliofuata haukuwapo kabisa. Hata mashindano haya yalikuwa yafanyike Februari, yakaahirishwa kwa sababu ya maradhi hayo hayo, ndipo yakaangukia Ramadhani, tangu tarehe 16 Aprili mpaka tarehe 2 Mei. Mechi nyingine zilichezwa alasiri na nyingine usiku, katika viwanja viwili: Kottappadi, ulioko mjini Malappuram, na Payyanad, nje kidogo ya Manjeri. Kerala wakaanza kwa kuwafunga Rajasthan mabao 5 kwa 0, kisha Bengal 2 kwa 0, wakatoka sare na Meghalaya 2 kwa 2, wakawashinda Punjab 2 kwa 1. Mjini kwetu hapakuwa na mazungumzo mengine. Hata muuza dawa alituuliza kwanza kama tumetazama.

Nusu fainali ya Kerala na Karnataka ilipangwa usiku wa Alkhamisi, tarehe 28 Aprili. Hesabu, ndugu msomaji: Ramadhani moja ni tarehe 3 Aprili, basi tarehe 28 ni Ramadhani 26, na jua likitua ndio usiku wa kuamkia mwezi 27. Kila Mwislamu ajua usiku ule watu wanautarajia nini. Kakangu, aliyekuwa amekwisha kupata nguvu, akaniambia kwamba mwana wa mwenye nyumba ana gari na nafasi mbili. Nikamwambia, “Kaka, usiku wa leo?” Akasema, “Mwalimu, mechi ni saa mbili tu, na usiku una saa kumi.” Nikamjibu maneno makali ambayo sitayaandika hapa, kwa kuwa yeye ni mkubwa wangu na mimi nalikuwa mkali kupita haki. Akanyamaza. Hakwenda. Alikaa chumbani, akatazama kwenye simu ya jirani, na mimi nikaenda msikitini.

Msikiti ulijaa, lakini waliojaa walikuwa wazee na watoto. Vijana walikuwa wachache. Nikasema moyoni mwangu, ndiyo haya haya ya kwetu. Tukasali tarawehe rakaa ishirini. Kwa mbali zikija kelele kutoka katika maduka, mara baada ya mara, na kwa kelele zile hata mimi nalijua mabao yanaingia. Baadaye nilipewa khabari: Karnataka walitangulia kufunga, kisha Kerala wakamwingiza mchezaji wa akiba, kijana Jesin T.K., mwenyeji wa wilaya hiyo hiyo, naye peke yake akafunga mabao 5. Kerala 7, Karnataka 3.

Baada ya tarawehe nalikaa na msahafu, nimeegemea nguzo, nia yangu ni kukesha. Nilichofanya ni kulala. Niliamshwa na sauti ya maji kwenye birika la udhu, nikatazama saa, ni karibu saa sita. Walikuwa vijana, thelathini au zaidi, wengine wana bendera mabegani, na sauti zimewakauka kwa kushangilia. Waliziweka bendera juu ya rafu ya viatu, wakaingia, wakajipanga safu, mmoja wao akatangulia mbele. Walisali tarawehe zao zote, wala hawakuharakisha. Kisha wengine wakaenda zao, na wengi wakabaki wakisoma mpaka wakati wa daku. Mwana wa mwenye nyumba alikuwa miongoni mwao. Alipopita karibu nami aliniamkia kwa adabu, akaniuliza kama nataka maji. Sikumwambia kwamba nalikuwa nimelala, lakini nadhani alama ya nguzo ilikuwa bado shavuni mwangu.

Asubuhi nilimtaka radhi kakangu. Akasema, “Yamekwisha.” Kisha akaniuliza kama fainali nayo nitamkataza.

Fainali ilikuwa Jumatatu, tarehe 2 Mei, Kerala na Bengal. Mwezi haukuonekana jioni ya tarehe 1, wakakamilisha thelathini. Kwa hiyo usiku wa fainali ulikuwa usiku wa Idi, hapana tarawehe, wala mimi sikuwa na hoja. Tulifika Payyanad kabla ya magharibi, na majukwaa yalikuwa yamekwisha kujaa. Palikuwa na watu zaidi ya 20,000. Tukafutari pale pale tulipokaa. Chupa za maji na tende zikapita mkono kwa mkono, na mtu aliyeketi kushotoni kwangu, Mhindu, mwalimu wa skuli, aliyapokea yale maji akayapitisha bila ya kunywa mpaka sisi tulipokwisha kufungua. Sikumjua na hakunijua.

Mchezo wenyewe siwezi kuueleza kama atakavyoueleza kakangu. Dakika 90 zikapita hapana bao. Katika dakika za nyongeza Bengal wakafunga kwa kichwa, na uwanja mzima ukanyamaza. Nyamavu ya watu elfu ishirini ni kitu kizito, nalikuwa sijapata kuisikia. Zikabakia dakika chache. Watu wa mbele yetu wakaanza kuondoka. Ndipo mpira ukapigwa kutoka pembeni na Noufal, na Safnad, aliyeingia kama mchezaji wa akiba, akaupiga kichwa ukaingia. Sijui niliinuka saa ngapi. Najua kwamba kofia yangu haikupatikana tena.

Mwalimu wa Kerala, Bino George, alikuwa amembadilisha kipa kwa ajili ya penalti. Kerala wakapiga 5, zote zikaingia. Bengal mmoja wao alipiga nje. Ikawa 5 kwa 4, na nahodha Jijo Joseph akalipokea kombe la 7 la Kerala, ambalo kwa miaka 29 hawakuwahi kulitwaa nyumbani kwao. Yule kijana wa Bengal aliyekosa alikaa chini akafunika uso. Mwenzake wa Kerala akaja akamwinua.

Tangu hapo mengi yamepita. Fainali ya mwaka 2023 ilichezwa Riyadh, Saudi Arabia, Karnataka wakachukua. Na tarehe 31 Desemba 2024, mjini Hyderabad, Bengal waliwalipa Kerala kwa bao 1 kwa 0, wakafikisha makombe 33. Kakangu alinipigia simu usiku huo huo kunipa khabari, kana kwamba tumefiwa.

Tulirudi Perinthalmanna kwa mwendo wa pole, kwa sababu barabara ilikuwa imejaa. Fataki zilikuwa zikipigwa, na haikujulikana hizi ni za Idi na hizi ni za kombe. Maduka ya nguo na ya nyama yalikuwa wazi. Katika kila msikiti tuliopita takbira zilikuwa zikisomwa, na ndani ya gari wale vijana, kwa sauti zilizokauka, wakawa wanazipokea. Kakangu alikuwa amekaa mbele. Akageuka akaniambia, “Mwalimu, nawe takbiri, au sauti yako pia umeiacha Payyanad?” Nikajaribu. Haikutoka.