Mwizi akiimbwa, nani anaumia?

Usukumani, baada ya mavuno, Bagika na Bagalu hushindana kwa ngoma, na manju anayejua kuchekesha ndiye huvuta watu. Mwizi wa ng'ombe aliyeumbuka ni mtaji wake. Wizi ukiharibika usiku, yowe likapigwa, Sungusungu wakatoka na pinde, msimu wa ngoma ukifika uwanja mzima unacheka.

Sungusungu walianza Kahama na Shinyanga mwanzoni mwa miaka ya 1980, wezi walipowachosha wafugaji. Adhabu yao iliyoogopwa ni kutengwa: husalimiwi, hupewi maji wala moto. Lakini huko hutoka mtu akilipa faini. Wimbo haulipiwi faini. Mtoto wa mwizi huusikia kisimani na shuleni.

Mzazi, mwanao akimwimbia mwenzake, mkanye: aliyeiba ni baba.